Mkunazi, sidri au Ziziphus: kibao cha mti kiandikwe jina gani?

Mwalimu_Buhongwa: Habari za jioni wadau. Shuleni kwetu tunaweka vibao kwenye miti, na uwanjani upo mkunazi mkubwa wenye miiba, watoto hawabanduki hapo makunazi yakiiva. Nina majina matatu: mkunazi, sidri, na la kitaalamu, Ziziphus mauritiana. Kibao ni kidogo, jina moja ndilo litasomeka kwa mbali. Lipi lina uzito, na limetoka wapi?

Mama_Kitalu, Nyegezi: Mkunazi, mwalimu. Tunda kunazi, mti mkunazi, kama embe na mwembe. Mtoto akishalijua tunda ameujua mti.

BinPwani: Shikamoo mwalimu. Mimi naitetea sidri. Kwa Kiarabu mti ni sidr na tunda ni nabq. Katika Kurani, Suratul Waqia aya ya 28, watu wa Peponi wanaahidiwa mikunazi isiyo na miiba. Aliyewahi kung'ang'aniwa shati na mti huu anaelewa ukubwa wa ahadi hiyo! Suratun Najm aya ya 14 inautaja Sidratul Muntaha, Mkunazi wa Mwisho. Na sisi Waislamu maiti wetu huoshwa kwa maji yenye majani ya mkunazi. Jina lenye heshima hivyo lisikose kibaoni.

Mdau_Nansio: Kaka BinPwani, heshima hiyo naikubali, ila sidri ya Arabuni mara nyingi ni ndugu yake, Ziziphus spina-christi, yaani mwiba wa Kristo, kwa mapokeo kwamba taji la miiba lilisukwa kwa matawi yake. Mwalimu, geuza jani: upande wa chini ukiwa mweupe wenye vinyweleo, huo ni mauritiana. Jina hilo alilitoa Lamarck wa Ufaransa mwaka 1789, na linaelekeza Mauritius wakati mti wenyewe asili yake ni Asia ya Kusini. Kwa kibao cha watoto silipendi, linawapoteza njia. Ziziphus ni Kilatini kutoka Kigiriki, zizyphon.

Dukani_Mjini: Wagujarati hapa mjini tunda hilo wanaliita bor.

Mzee_Makoroboi: Wanangu, mbona kunazi lenyewe mnaliruka? Waajemi mti huu wanauita konar. Yaweke pamoja, konar na kunazi, uyasikilize. Kiajemi kimetuachia maneno mengi kupitia majahazi, bandari likiwemo, kwa hiyo kwangu mimi undugu huo una mashiko. Kisha Mswahili akatia m- yake ya miti, na likawa letu kabisa. Mtaa wa Mkunazini kule Unguja, palipokuwa na soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873, unabeba jina hilo mpaka leo. Na wewe BinPwani, waliotafsiri hiyo aya ya Najm kwa Kiswahili waliandika Mkunazi.

BinPwani: Kweli mzee. Basi sidri ikae chini yake.

Mwalimu_Buhongwa: Marahaba BinPwani, na shikamoo mzee. Jani nimeligeuza, ni jeupe. MKUNAZI kwa herufi kubwa, chini yake sidr, konar na bor kwa herufi ndogo. La kitaalamu nitalipeleka nyuma ya kibao.

Mama_Kitalu, Nyegezi: Kitundike kwa kamba mwalimu, msiupigilie misumari. Na kamba mwilegeze kila shina linaponenepa.