Tupeane uzoefu: gemu za Olimpiki zilizoua pedi zetu za kuchezea na mbio zilizotunyima usingizi

Chumbageni Kwetu
Wakuu, kwema? Mpwa wangu kaja na Nintendo Switch yake, ana lile gemu la Mario na Sonic la Olimpiki ya Tokyo 2020. Ndani yake wameweka sehemu ya Tokyo 1964, picha zimerudishwa kizamani kabisa, kuna mita 100, long jampu, hadi marathoni. Muda si mrefu nikajikuta namsimulia ile kaseti ya gemu ya kampuni ya Konami ya Japani tuliyokuwa nayo nyumbani Tanga miaka ya tisini, ya mbio na kurusha mkuki, iliyochanganywa na magemu mengine kibao kwenye kaseti moja. Dogo ananiangalia tu. Nikaona nije kwa waliokuwepo. Mlichezea wapi, mbinu zenu zilikuwa zipi, na Olimpiki yenyewe mliiangaliaje? Kila mtu aweke yake, iwe furaha iwe maumivu.

Fundi wa Magomeni
Mimi kaseti hiyo naijua kwa upande wa pili maana nilikuwa natengeneza. Ukifungua pedi ndani kuna raba, na chini ya kila kitufe raba ina kidoa cheusi cha kaboni, ndicho kinachogusa sakiti. Gemu za kawaida kidoa kile kinakaa miaka. Ile ya Olimpiki ni kugonga kitufe mfululizo bila kupumzika, likizo ya shule ikiisha kaboni imeliwa yote imebaki raba tupu. Dawa ilikuwa ile karatasi inayong'aa ya kwenye pakiti ya sigara, unakata kiduara kidogo unakibandika kwa gundi pale kaboni ilipokuwa, upande wa fedha uangalie sakiti, ukikigeuza kitufe kinakufa kabisa. Nilikuwa nawaambia watoto mapema, hii itakaa mkicheza mpira, mkirudi kwenye mita 100 mtanirudia.

Mama Nai
Karatasi ya sigaraaa! Ndio maana baba alikuwa anakuta pakiti zake zimechanwa.

Kisauni Finest
Sisi Mombasa tulikuwa na banda karibu na msikiti, PlayStation ya kwanza, gemu ni International Track & Field, hiyo nayo ya Konami. Multitapu, kile kifaa cha kuunganisha pedi nyingi, imechomekwa mnacheza wanne. Watu walikuja na vifaa bwana, mmoja ana rula ya chuma, mwingine kiberiti cha gesi anakisugua juu ya vitufe mpaka pedi inapata joto. Mwenye banda akaandika kwa chokaa mlangoni HAKUNA RULA. Sasa siku nisiyoisahau tuko kwenye kuogelea mita 100, natumia vidole vyangu tu, nimetangulia mbele ya vijana watatu wakubwa waliokuwa wanatuonea kila siku, nusu ya mwisho ile nasikia banda zima linaniita jina, nagonga, nagonga, mkono umekufa ganzi mpaka begani, na stima zikapotea. Giza. Hakuna aliyekubali kwamba nilikuwa naongoza, na pesa ya raundi haikurudi. Mpaka leo nikikutana na mmoja wao feri namwambia wewe ulikuwa wa tatu na unajua.

Juma Kigogo
Ulikuwa unaongoza. Tunakuamini mzee.

Bondeni88
Rula ni wizi, tuseme ukweli. Mita 100 ni ya vidole.

Kiberiti cha Gesi
Wizi kivipi? Hata Wajapani waliolitengeneza hilo gemu watoto wao walikuwa wanatumia rula. Gemu linahesabu kitufe kimegongwa mara ngapi, haliulizi umekigonga na nini.

Bondeni88
Kwa hiyo mkuki nao mtu arushe kwa manati? Acheni.

Fundi wa Magomeni
Na rula inapasua ganda la kitufe. Semeni yote lakini mimi ndiye niliyekuwa nazipokea.

Mkimbiza Upepo
Naomba niseme kitu kinachoniuma tangu utoto. Ile ya Konami ya kwanza ya 1983 ina michezo sita: mita 100, long jampu, mkuki, viunzi mita 110, nyundo na kuruka juu. Ile ya PlayStation anayosema Kisauni ina kumi na moja na bado hakuna hata mbio moja ya kuzunguka uwanja. Sasa sisi watu wa huku medali zetu ziko wapi? Ziko kwenye 800, 1500, 5000, viunzi na maji (steeplechase ya mita 3000), marathoni. Mtoto wa Arusha au Eldoret anakaa mbele ya tivii anacheza Olimpiki ambayo kwake yeye haina nchi. Medali mbili pekee za Tanzania kwenye Olimpiki ni fedha za Moscow 1980, Filbert Bayi kwenye viunzi na maji na Suleiman Nyambui kwenye mita 5000, hakuna hata moja ungeweza kuicheza. Najua kugonga vitufe kunanoga kwa sekunde kumi na kwa dakika nane mkono ungekatika, lakini mtu anayepanga pumzi, anayejificha nyuma ya mwenzake mpaka kengele ilie, ule nao ni mchezo na ungetengenezeka.

Zena wa Ilala
Athens 2004 ya PS2 ilikuwa na 800 na 1500. Nimecheza mwenyewe kwa shangazi.

Mkimbiza Upepo
Hapo sawa dada, hiyo sikuipata, banda letu PS2 yote ilikuwa Winning Eleven ya mpira tu.

Nyayo Gate 3
Mzee Upepo na heshima zote, hiyo fedha ya Bayi 1980 Kenya hatukuwepo, tulisusia. Tungekuwepo hadithi ingekuwa nyingine. Viunzi na maji ni vyetu.

Mkimbiza Upepo
Haya tuanze. Bayi 1974 Christchurch kwenye Jumuiya ya Madola alikimbia 1500 kwa 3:32.2, rekodi ya dunia, aliongoza kuanzia mlio wa bastola hadi mwisho, nyuma yake John Walker wa New Zealand na Wakenya wenu wamo. Mwaka uliofuata akavunja na rekodi ya maili. Ilipofika Montreal 1976 Tanzania nayo ikasusia kwa sababu New Zealand walipeleka timu ya raga kwa makaburu, Walker akachukua dhahabu ya 1500 Bayi yuko nyumbani. Kususia kumekula pande zote. Na Moscow aliongoza mpaka mzunguko wa mwisho ndipo Malinowski wa Poland akampita. Usimfanye aonekane aliokota.

Nyayo Gate 3
Sijasema aliokota. Nimesema hatukuwepo. Kuanzia 1968 mpaka 2016 kila Olimpiki tuliyoenda dhahabu ya viunzi na maji wanaume ilikuja Kenya. Ni El Bakkali wa Morocco aliyeikata kule Tokyo.

Bujumbura Mjini
Burundi Olimpiki yetu ya kwanza ni Atlanta 1996 na dhahabu tukarudi nayo, Vénuste Niyongabo mita 5000. Naweka tu hapa.

Dada wa Iten
Nimesoma mkibishana juu ya viunzi na maji nikaona niandike, sikuwa nimepanga. Kaka yangu alikimbia hiyo mbio. Hamwezi mjua, hakufika kwa tivii. 2008 aliitwa trials Nairobi ya kutafuta timu ya Beijing. Nyumbani tuliuza ng'ombe ndiyo apate viatu vya misumari na nauli na pesa ya kukaa, na mama akatuma mimi niende naye kwa sababu kaka akiwa na wasiwasi hali chakula. Mbio hiyo kwa wanaume ni viunzi ishirini na nane na maji mara saba, na wanaopelekwa Olimpiki ni watatu tu kwa nchi hata kama wa kumi wenu angeshinda nchi zingine zote. Kengele imelia kaka ni wa tatu. Mimi niko kwa reli pale karibu na maji. Wamekuja kwa maji ya mwisho wamebanana, aliye mbele yake akakata hatua kidogo, kaka ilibidi arukie mguu ambao si wake, akakanyaga lile gogo la kiunzi kwa kisigino badala ya unyayo, akaingia kwenye maji upande wenye kina, karibu na ukuta. Nilisikia. Si kelele yake, mguu. Alitoka kwa maji akaendelea kukimbia, watu hawaelewi hiyo, alitoka akaruka kiunzi cha mwisho na mguu umevunjika kifundo, akamaliza wa nne. Akaniuliza wa ngapi. Nikamwambia wa nne. Hakulia, mimi ndiye nililia, yeye aliniuliza kama ile pesa ya kurudi bado tunayo.

Agosti amekaa nyumbani na plasta. Binamu yetu alikuwa na gemu kama hizo zenu, akamletea acheze ile ya viunzi mita 110 apitishe muda. Alicheza kidogo akarudisha pedi, akasema hapa kiunzi ukikigonga kinaanguka unaendelea, kwetu lile gogo halianguki, unaanguka wewe. Lakini siku ya fainali ya Beijing alisimama na magongo yake mbele ya tivii, anahesabu miguu ya wale wenzake, kushoto, kulia, kulia tena. Brimin Kipruto alipomshinda yule Mfaransa kwa tofauti ndogo sana kaka alipiga kelele mpaka majirani wakaja. Hakuwa na uchungu na mtu. Mimi ndiye nilikuwa nao.

Mama Nai
Dada pole sana jamani. Nimeshindwa kuendelea na kazi.

Chumbageni Kwetu
Pole sana dada. Alirudi kukimbia?

Kisauni Finest
Wa nne na mguu umevunjika...

Mtu wa Ghuba
Namhurumia sana kaka yako. Lakini vijana kama hao wangeshauriwa wahamie nchi zenye nafasi, Qatar huku wangempokea.

Nyayo Gate 3
Kuhama si dawa ya kila kitu kaka. Stephen Cherono wetu wa viunzi na maji alihamia Qatar 2003 akawa Saif Saaeed Shaheen, mwaka uliofuata akaweka rekodi ya dunia 7:53.63, na Athens mwaka huohuo hakukimbia kwa sababu Kenya haikutoa ruhusa. Rekodi alikaa nayo mpaka 2023, Olimpiki hakukimbia hata moja.

Mtu wa Ghuba
Bado alilisha familia yake. Hilo usilipuuze.

Mkimbiza Upepo
Dada wa Iten nimenyamaza. Wale wa nne wa Kenya ni wengi na hakuna anayewaandika.

Kasese Runner
Uganda tunajua kungoja. Kuanzia dhahabu ya John Akii-Bua, Munich 1972, hatukupata nyingine mpaka Stephen Kiprotich marathoni ya London 2012, akawatoroka Wakenya wawili zikiwa zimebaki kilomita chache. Nilikuwa kwenye duka la simu Kampala, mwenye duka alifunga biashara akasema leo hakuna kuuza.

Zena wa Ilala
Naomba ushauri, mdogo wangu yuko sekondari Mbulu, mwalimu kamwingiza kwenye viunzi na maji na shuleni shimo la maji hakuna. Afanyeje?

Kiberiti cha Gesi
Mto upo?

Juma Kigogo
Mwambie ahamie mita 5000, mguu ni mmoja tu duniani.

Nyayo Gate 3
Asihame. Akimbie milima kwanza mwaka mzima, viunzi baadaye.

Bondeni88
Mwaka mzima? Aruke sasa hivi akiwa mdogo, ukubwani mtu anaogopa.

Dada wa Iten
@Chumbageni alirudi lakini si kwa kiwango kile, sasa analima na jioni anafundisha vijana wa hapa. @Zena nimemsomea swali lako kwa simu. Anasema shimo la maji si lazima mwanzoni, wachukue gogo zito lisilosogea, urefu ufike sentimita 91 kama ni mvulana na 76 kama ni msichana, waweke mchanga mbele. Halafu kitu kikubwa asizoee mguu mmoja, leo arukie kulia kesho kushoto, na mwalimu amsukumie wenzake wabanane naye wakikaribia, kwa sababu kwenye mbio hakuna siku utafika kwenye gogo ukiwa peke yako na hatua zako. Juu ya gogo akanyage kwa unyayo wa mbele, asisimame wima, ainame apite. Na anauliza kijana anakimbia 1500 kwa muda gani, mjibu hapa nitamwambia.

Zena wa Ilala
Asante sana dada, mwambie kaka shikamoo. Ni msichana, 1500 bado hawajampima, nampigia mwalimu kesho.