NIDA: nitajuaje kadi imetoka na mimi niko huku?

Kipanga (Reading), Jumatatu saa 4:12 usiku

Wakuu, heshima kwenu. Naomba msaada. Fomu ya NIDA (mamlaka ya vitambulisho vya taifa) ilijazwa Tanga, mtendaji akagonga muhuri, picha na alama za vidole zikachukuliwa wilayani. NIN, yaani namba ya utambulisho wa taifa, nilipewa kwenye karatasi, hii hapa: [imefutwa na msimamizi]. Pasipoti inaisha mwezi wa tatu, nikiingiza hiyo namba kwenye maombi ya Uhamiaji inakataliwa. Nikitafuta jina langu kwenye tovuti ya NIDA sipati kitu. Maswali mawili tu:

1. Nitajuaje kadi imeshachapishwa na iko ofisi gani?
2. Dada yangu yuko Tanga. Anaweza kunichukulia?

Asanteni.

Msimamizi, Jumatatu saa 4:30 usiku

Kipanga, namba nimeifuta. Tarakimu nane za mwanzo za NIN ni mwaka, mwezi na siku uliyozaliwa. Ukiiweka pamoja na jina lako kamili umemrahisishia tapeli kazi, kilichobaki ni jina la mama tu. Hii ni mara ya ngapi nasema: hapa hatubandiki NIN, hatubandiki picha ya kadi, hatubandiki fomu.

Mama Wawili (Houston), Jumatatu saa 5:05 usiku

Kipanga mdogo wangu, nimewahi kuihesabu kabla haijafutwa. Uliandika tarakimu 19. NIN ni 20, na makundi yake ni 8, 5, 5 na 2. La kwanza ni tarehe ya kuzaliwa, la pili ni postikodi ya eneo la usajili, la tatu ni namba ya mfululizo, na mbili za mwisho ni za mfumo wenyewe. Kundi la tatu huanza na masifuri kibao, na hapo ndipo watu wanapodondosha moja wakinakili kwa mkono. Chukua karatasi yako, zungushia kila kundi kwa kalamu, hesabu moja moja. Bila shaka kwako ni 000 na wewe umeandika 00. Kama ni hivyo, la Uhamiaji limeisha hata kabla hujapiga simu kokote.

La tovuti ni jambo jingine. Pale services.nida.go.tz kwenye kutafuta NIN unaulizwa vitu vitano: jina lako la kwanza, jina lako la mwisho, tarehe ya kuzaliwa, jina la kwanza la mama, jina la mwisho la mama. Vyote viwe kama vilivyoingizwa siku ya usajili, herufi kwa herufi. Mfumo haujui kwamba Mohamed na Mohammed ni mtu mmoja. Salum si Salim, Abdalla si Abdallah. Jaribu hivi kwa mpangilio: kwanza kama ilivyo kwenye cheti cha kuzaliwa, halafu kama ilivyo kwenye pasipoti ya zamani, halafu geuza jina la mama. Huyo mama ndiye anayewaangusha wengi. Kwenye fomu mtu anaandika jina la baba mzazi wa mama, kwenye tovuti anaandika jina la mume wake.

Chuga (Leeds), Jumanne saa 1:20 asubuhi

Yote ya nini hayo? Piga *152*00#, ingia Ajira na Utambuzi, halafu NIDA, fuata maelekezo. Dakika mbili tu.

Mzee wa Oslo, Jumanne saa 2:02 asubuhi

Chuga, soma swali kabla ya kujibu. Kijana yuko Reading. *152*00# ni msimbo wa mitandao ya Tanzania, kwenye laini ya Uingereza hauendi popote. SMS ya kuulizia NIN kwenda 15096 ni vilevile, namba fupi haivuki mpaka. Ukitaka njia hiyo, apige mtu aliyeko nyumbani kwa simu yake mwenyewe na kujaza taarifa zako. Mfumo unatafuta kwa majina, laini haina haja ya kuwa yako.

La pili, mnachanganya namba na kadi. Kutafuta NIN kunakupa NIN basi. Hakukwambii kadi imechapishwa au iko kabati gani. Kuna safari ndefu hapo katikati: fomu, muhuri wa serikali ya mtaa au kijiji, picha na alama za vidole na saini wilayani, uhakiki wa uraia, mapingamizi, ndipo namba, ndipo uchapishaji, ndipo kadi irudi wilayani na kushushwa kata. Mtu mwenye namba amevuka uhakiki. Kadi inaweza kumfikia miezi kadhaa baadaye. Na kwa pasipoti, laini ya simu, benki au TIN (namba ya mlipakodi), kinachotakiwa ni namba.

Chuga (Leeds), Jumanne saa 2:15 asubuhi

Sawa mzee, shikamoo. Ila wenye laini ya Voda au Airtel inayoshika mtandao huku wanaweza kujaribu.

Mzee wa Oslo, Jumanne saa 2:19 asubuhi

Marahaba. Wajaribu, ila wasitegemee. Na laini yenyewe iwe hai. Ikikaa miezi bila kutumika mtandao unaifunga na namba anapewa mwingine.

Mama Wawili (Houston), Jumanne saa 11:40 jioni

Hapo kwenye laini mzee amegusa penyewe, na ndiyo hatari ya Kipanga. Kadi ikifika, NIDA wanatuma ujumbe kwenye namba ya simu iliyoandikwa kwenye fomu. Sasa jiulize uliandika ipi. Kama ni laini ya likizo iliyozimwa uwanja wa ndege, ujumbe umekwenda kwa mtu asiyekujua. Halafu NIDA walitangaza kwamba kuanzia tarehe 1 Mei 2025 watasitisha matumizi ya NIN za waliotumiwa ujumbe na hawakwenda kuchukua kadi zao. Kwa hiyo anayesema "kadi ya nini, nina namba" aangalie vizuri. Namba inaweza kuwa sahihi, tarakimu zote 20, na bado ikagoma.

Kipanga, fanya hivi. Kwanza hesabu tarakimu. Zikiwa 20 na Uhamiaji bado wanakataa, linganisha majina. Fomu ya pasipoti inavuta taarifa za NIDA, kwa hiyo kama NIDA una majina mawili na pasipoti ya zamani ina matatu, au tarehe zimepishana siku moja, mzizi uko NIDA na unarekebishwa NIDA. Utahitaji cheti cha kuzaliwa cha RITA, wakala wa usajili wa vizazi na vifo. Kama umebadili jina kabisa, utahitaji hati ya kubadili jina iliyosajiliwa. Usianze na ofisi za huku, wao wanasoma tu kilichoko kwenye kanzidata.

Kipanga (Reading), Jumanne saa 1:10 usiku

Dada Mama Wawili, umenishika. Ni 19 kweli, sifuri moja ilibaki kwenye karatasi. Nimeingiza 20 na fomu ya Uhamiaji imesogea ukurasa wa pili. Mungu akubariki. Kwenye tovuti ya NIDA bado sipati kitu. Jina la ukoo lina ng' ndani yake.

Mama Wawili (Houston), Jumanne saa 1:26 usiku

Ahaa. Simu nyingi zinageuza kile kialama cha ng' kuwa mkato uliopinda, na aliyekuingiza wilayani huenda alitumia ulionyooka, au aliuacha kabisa. Jaribu kwenye kompyuta kwa mkato ulionyooka. Ikigoma, andika bila mkato wowote, herufi zikishikana.

Mpemba (Muscat), Jumanne saa 2:00 usiku

Na sie wa Zanzibar hamtutaji kabisa. Jamani, ZanID si NIDA. Ni kitambulisho cha mkaazi, kina namba yake na wakala wake. Ukiitia namba ya ZanID kwenye tovuti ya NIDA utakaa mpaka asubuhi. Kuna watu hapa Muscat wanadhani ukiwa na kimoja umeshakuwa na vyote. Kila kimoja kina usajili wake.

Chuga (Leeds), Jumanne saa 2:11 usiku

Na ile Diaspora Digital Hub je? Ukijiandikisha kule si wanakuunganisha?

Mzee wa Oslo, Jumanne saa 2:40 usiku

La. Hiyo ni ya Wizara ya Mambo ya Nje, ya kuwatambua Watanzania walioko nje. Haitoi NIN, haifuatilii kadi. Vilevile eonline.nida.go.tz: pale unajaza maombi tu. Ukimaliza unachapa fomu, unaipeleka kwa mtendaji igongwe muhuri, unakwenda wilayani na vidole vyako. Vidole havitumwi kwa barua pepe, Chuga.

Jambo jingine ambalo hakuna aliyelisema. Kuna tovuti za mitaani zinazojiita za kuangalia NIDA. Tovuti ya serikali inaishia na .go.tz. Isiyoishia hivyo, ukiijazia jina la mama na tarehe ya kuzaliwa umewagawia wenyewe ufunguo. Na ndugu wenye laini nyumbani wapige *106# mara kwa mara. Inaonyesha laini zote zilizosajiliwa kwa kitambulisho chako. Wakala akikugandamiza kidole mara ya pili akidai "ya kwanza haikushika", hapo ndipo laini ya ziada inapozaliwa kwa jina lako.

Bi Mdogo (Minneapolis), Jumatano saa 3:00 asubuhi

Samahani kuingilia. Kadi za zamani zenye tarehe ya mwisho wa matumizi, zikiisha tunafanyaje? Tunaanza upya?

Mzee wa Oslo, Jumatano saa 3:31 asubuhi

Hapana. Ukomo uliondolewa mwaka 2023. Kadi iliyopita tarehe inaendelea kutumika. Anayekukatalia mwonyeshe tangazo.

Mama Wawili (Houston), Jumatano saa 3:45 asubuhi

Kipanga, ukitaka kupiga simu ofisini kwao: ofisi za serikali nyumbani ni saa moja na nusu asubuhi hadi saa tisa na nusu alasiri. Kwa Uingereza msimu wa baridi hiyo ni saa kumi na nusu alfajiri hadi saa sita na nusu mchana. Ukipiga baada ya chakula cha mchana wenzako wameshafunga madaftari. Sie wa Texas hiyo tisa na nusu ni saa kumi na mbili na nusu asubuhi kwetu, kahawa haijachemka. Uwe na vitu vitatu mkononi: NIN, jina la kata na mtaa ulioandika kwenye fomu, na tarehe uliyopigwa picha. Ukisema "nilijiandikisha Tanga" tu hawana pa kuanzia. Kadi hupangwa kwa kata, mafungu mafungu yamebanwa kwa mpira, ndani ya kasha. Anayezitafuta anazipekua kwa mkono.

Chuga (Leeds), Jumatano saa 4:02 asubuhi

Mpira na kasha. Mwaka huu. Na wakati huohuo uraia pacha tunaambiwa bado unatafakariwa. Wakenya waliumaliza kwenye Katiba yao ya 2010.

Mpemba (Muscat), Jumatano saa 4:10 asubuhi

Ndo hapo sasa. Sie tunapewa "hadhi maalumu".

Mzee wa Oslo, Jumatano saa 4:25 asubuhi

Msiipotoshe. Hadhi maalumu ni kwa mwenye asili ya Tanzania aliyechukua uraia wa kwingine. Sheria ya uraia ya 1995 bado hairuhusu mtu mzima kuwa na uraia wa nchi mbili. Na inahusiana na mada, kama mnataka kujua: aliyeapa huku na kuchukua pasipoti ya huku hana tena haki ya kutumia NIN kama raia. Wapo wanaoendelea kuitumia kimyakimya benki na kwenye viwanja. Siku ya uhakiki watajua.

Chuga (Leeds), Jumatano saa 4:28 asubuhi

Duh. Mzee hapo umetutisha wengi.

Bi Mdogo (Minneapolis), Jumatano saa 4:40 asubuhi

Hizi habari za kata na mtendaji zinanikumbusha ile benchi ya nje chini ya mwembe, na mama wa vitumbua anapita na beseni. Huku hata foleni haina harufu.

Mpemba (Muscat), Jumatano saa 4:44 asubuhi

Vitumbua vya Tanga au vya Chake? Sema vizuri.

Msimamizi, Jumatano saa 5:00 asubuhi

Vitumbua vifunguliwe mada yake. Kwa walioko Uingereza, nyongeza: BRP, zile kadi za ukaazi, ziliisha tarehe 31 Desemba 2024, sasa ni eVisa, yaani viza ya mtandaoni, na eVisa imefungwa kwenye namba ya pasipoti. Ukipata mpya ingia kwenye akaunti yako ya UKVI (idara ya viza ya Uingereza) ubadilishe namba kabla hujasafiri, vinginevyo shirika la ndege litakuzuia hapo Dar kwenye kaunta. Ada ya pasipoti ya shilingi 150,000, yaani 20,000 ya fomu na 130,000 baadaye, ni bei ya nyumbani. Ubalozini ulizeni bei yao.

Kipanga (Reading), Jumatano saa 2:15 usiku

Asanteni wote. Bila mkato imekubali, jina limetokea na NIN ni ileile. Maombi ya pasipoti yamepita. Ila naona swali la pili limepotea kwenye vitumbua: dada anaweza kunichukulia kadi au mpaka niende mwenyewe?

Chuga (Leeds), Jumatano saa 2:31 usiku

Kwani unashuka lini? Kuna mzigo mdogo wa kupeleka Tanga.