Mjadala: Wakimbizi walioko Nairobi walegezewe vibali vya kazi?

Swali: Sheria ya Wakimbizi ya 2021, iliyoanza kutumika Februari 2022, inampa mkimbizi haki ya kufanya kazi na biashara. Lakini wengi wanaoishi Eastleigh, Kayole na Kawangware bado wanafanya vibarua bila kibali. Serikali ilegeze, au raia wasio na ajira watangulizwe?

Mshauri wa vibali: Tuanze na karatasi, maana watu wanabishana kana kwamba haki yenyewe haipo. Ipo. Kibali cha mkimbizi ni cha Daraja M, na hakilipiwi hata senti. Mwombaji awe na kitambulisho cha mkimbizi ambacho hakijaisha muda, barua ya Idara ya Huduma kwa Wakimbizi, barua ya mwajiri, na Fomu 25 iliyotiwa sahihi na muhuri wa mwajiri huyo. Shida inaanzia kwenye muhuri. Kinyozi wa Kayole au mama mwenye hoteli ya chapati hana kampuni iliyosajiliwa, na hao ndio wanaoajiri. Shida ya pili ni majina: kitambulisho kinasema "Abdullahi", barua inasema "Abdulahi", faili inarudishwa. Ya tatu ndiyo inayoumiza zaidi: kitambulisho kinaisha muda ombi likiwa bado kwenye foleni, na mtu anaanza upya. Ukitaka kuomba, hakikisha kwanza tarehe ya kitambulisho, kisha majina, ndipo uende kwa mwajiri.

Mkaazi wa Pumwani: Ya karatasi nimekuelewa. Lakini vijana wetu wamemaliza vyuo, wana vitambulisho vya taifa, na wanashinda vijiweni. Mwenye duka anamchukua asiye na kibali kwa sababu anakubali nusu ya malipo. Halafu mgeni wa kawaida anayetaka kufanya biashara anadaiwa mtaji wa dola 100,000 ndipo apate Daraja G. Mkimbizi naye aingie sokoni mikono mitupu? Serikali ina deni kwa raia kwanza.

Mhasibu, Eastleigh: Ndugu yangu wa Pumwani, la nusu malipo ni kweli kabisa, na mimi linanikera kama wewe. Ila tazama chanzo chake. Asiye na kibali anakubali nusu kwa sababu anaogopa kwenda kwa afisa wa leba kushtaki.

Chukua mshahara wa shilingi 30,000. Mfanyakazi anakatwa 1,800 za NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii, na mwajiri anaongeza 1,800. Bima ya afya ya SHA ni 825. Ushuru wa nyumba ni 450 kila upande. Kodi ya mapato, baada ya nafuu ya 2,400, inabaki kama 731. Jumla ni shilingi 6,056 kwa mwezi, kwa mtu mmoja tu. Mtu huyohuyo akipewa 15,000 mkononi, hazina haioni chochote, na kijana wako aliyetaka 30,000 ameshapoteza nafasi. Kumnyima huyu kibali ndiko kunakomshushia kijana wako bei.

Dukani ni vivyo hivyo. Mauzo ya milioni 4 kwa mwaka yanatozwa kodi ya mauzo ya asilimia 3, yaani 120,000. Asiye na karatasi anaandikisha duka kwa jina la Mkenya wa kuazima. Wakikosana, mwenye jina kwenye leseni anabeba duka, na mwenye mtaji hana pa kulalamikia. Tusisahau pia kwamba soko la Eastleigh lilikua kwa biashara za wakimbizi: Garissa Lodge ilikuwa nyumba ya wageni, na baada ya Somalia kusambaratika mwaka wa 1991 vyumba vya kulala vikageuzwa maduka. Leo Wakenya wa kabila lolote wanajumulia nguo mtaani humo.

Mwanasheria: Kinachoharibu zaidi ni serikali kubadilika-badilika. Desemba 2012 iliamuru wakimbizi wote wa mijini warudi kambini. Mahakama Kuu ikafuta amri hiyo Julai 2013. Aprili 2014 ikaja operesheni ya Usalama Watch, maelfu wakakamatwa, wengi wakazuiliwa uwanja wa Kasarani. Nani ataweka akiba benki katika hali hiyo?

Kuna njia ya Jumuiya ya Afrika Mashariki inayosifiwa sana, na hapa naomba tahadhari. Sheria ya 2021 inamruhusu mkimbizi kutoka nchi mwanachama, Kongo au Burundi kwa mfano, kuacha hadhi ya ukimbizi na kufanya kazi kama raia wa Jumuiya. Lakini atahitaji pasipoti, na pasipoti anaitoa serikali ileile aliyoikimbia. Akishaacha hadhi yake, kinga ya kutorudishwa kwao kama mkimbizi inaondoka nayo. Asitie sahihi kabla ya kupata ushauri.

Mkaazi wa Pumwani: Hesabu ya mhasibu imenigusa. Basi kibali kitoke, ila mwajiri anayelipa nusu ashtakiwe yeye, si mfanyakazi.

Mshauri wa vibali: Hapo tunakubaliana, na Kifungu cha 41 cha Katiba kinakuunga mkono: haki ya kutendewa kwa usawa kazini ni ya kila mtu, si ya raia peke yake. Mimi ningeongeza jambo moja dogo: idara ikubali barua ya mwajiri mdogo yenye nambari ya kitambulisho chake na PIN ya KRA, yaani nambari yake ya mlipa kodi, badala ya muhuri wa kampuni.