Afisa sheria wa halmashauri na wakili wa serikali: tofauti ya mishahara inadaiwa wapi?

Mnyika_wa_Bahi:
Heshima kwenu wakuu. Naomba msaada wa wenye uelewa wa mambo ya utumishi na sheria. Watu wawili wana shahada moja, wamepita Taasisi ya Mafunzo ya Uanasheria kwa Vitendo pamoja, na wameajiriwa na Serikali hii hii. Mmoja ni afisa sheria halmashauri mojawapo ya Kanda ya Kati, mwingine ni wakili wa serikali ofisi ya kitaifa pale Mtumba, Mji wa Serikali Dodoma, au mwanasheria wa shirika la umma. Mishahara haikaribiani. Katiba Ibara ya 23 inataka ujira ulingane na kazi. Je, hapo kuna dai? Na kama lipo, linaanzia CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi), Tume ya Utumishi wa Umma au Mahakama Kuu?

Karani Mkuu:
Mkuu, kabla ya kufika kwenye Katiba, weka hati mbili za mshahara mezani uzisome mstari kwa mstari. Malalamiko mengi huanzia kwenye fedha inayoingia benki, na hiyo ndiyo inayopotosha. Tuchukue mshahara wa msingi wa 1,500,000 kwa ajili ya hesabu tu. PSSSF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma, ni asilimia 5, yaani 75,000. Bima ya afya ni asilimia 3, yaani 45,000. Mwenye deni la Bodi ya Mikopo anakatwa asilimia 15, yaani 225,000. Kwa hiyo wawili wenye mshahara ule ule wanapishana 225,000 kila mwezi na hakuna aliyebaguliwa.

Halafu soma ngazi. TGS ni viwango vya mishahara ya watumishi wa Serikali: TGS E.1 na TGS E.4 ni daraja moja. Kinachowatenganisha ni nyongeza za mwaka. TGS na PGSS ni viwango viwili tofauti, cha pili ni cha mashirika, kwa hiyo kulinganisha herufi na namba zake hakukufikishi popote. Lipo pia suala la mshahara binafsi: mtu amehamishwa kutoka taasisi yenye mshahara mkubwa, akaruhusiwa kuendelea na mshahara wake wa awali. Mnakaa chumba kimoja, daraja moja, yeye anazidi. Ule mshahara ni wake yeye, hauhusiani na kiti alichokalia, na huwezi kuutumia kama kipimo cha kazi yako.

Posho nazo zitenge kabisa. Zinanenepesha mwezi lakini haziingii kwenye hesabu ya pensheni.

Wakili Kilimani:
Naongezea upande wa sheria.

Ukishaondoa hayo yote na tofauti bado ipo, jiulize inatoka wapi. Ikiwa mwenzako wa muundo wa utumishi ule ule (waraka unaoeleza sifa, majukumu na madaraja ya kada), sifa zile zile na muda ule ule amepandishwa na wewe umeachwa, hilo ni dai lako binafsi na lina nguvu. Ikiwa tofauti inatokana na miundo miwili ya utumishi, mwajiri wako hana mamlaka ya kuiondoa hata akikubaliana nawe. Hapo ndipo wengi wanapokwama: wanamwandikia Mkurugenzi barua kali juu ya jambo lisilo mikononi mwake.

CMA usianzie. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoingizwa 2016, kinamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza njia za ndani ya sheria hiyo. Ukiruka, pingamizi la awali litakuangusha kabla hoja yako haijasikilizwa. Tena kifungu cha 7 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 kimetaja misingi ya ubaguzi: jinsi, kabila, dini, ulemavu, ujauzito na mingineyo. Kuajiriwa halmashauri badala ya wizara hakumo.

Mahakama Kuu kwa Ibara ya 23 inawezekana, ila marekebisho ya 2020 ya Sura ya 3, sheria ya kudai haki za msingi mahakamani, yalimtaka mleta maombi aeleze kwa kiapo jinsi alivyoathirika yeye mwenyewe, na aoneshe kwamba njia nyingine amezimaliza; hakikisha kwanza kama masharti hayo bado yanatumika. Kwa hiyo faili la barua zako za sasa ndilo litakalokuwa ushahidi wako baadaye.

Mnyika_wa_Bahi:
Nashukuru sana wakuu. Tuseme tofauti ni ya miundo. Hoja ijengwe vipi?

Wakili Kilimani:
Acheni kabisa hoja ya "tumesoma darasa moja". Ibara ya 23 inazungumzia kiasi na sifa za kazi, kwa hiyo thibitisheni kazi. Sheria Na. 1 ya 2020 ilirekebisha Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali: shauri dhidi ya halmashauri linahitaji notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu aunganishwe, na lifunguliwe Mahakama Kuu. Chukueni shauri moja la kiwanja hapa Dodoma mlifuatilie, muone kazi ipi ni ya afisa sheria na ipi ni ya wakili wa serikali. Nani alipokea notisi, nani alichimba faili la upimaji na ramani, nani aliandaa maelezo ya mashahidi, nani aliandika rasimu ya utetezi, nani alisimama mahakamani? Jazeni majibu kwenye jedwali, shauri kwa shauri, kwa mwaka mzima. Hicho ndicho kipimo ambacho mtu wa tathmini ya kazi anaweza kukifanyia kazi. Mimi naamini kabisa maafisa sheria wa halmashauri wanabeba zaidi ya wanacholipwa, na ndiyo maana inaniuma kuona hoja nzuri ikipelekwa bila takwimu.

Karani Mkuu:
Njia ya hoja hiyo ya miundo ni chama cha wafanyakazi, TALGWU kwa wa halmashauri au TUGHE kwa wa serikali kuu, kupitia Sheria ya Majadiliano ya Pamoja katika Utumishi wa Umma ya 2003. Chama cha Mawakili wa Serikali, kilichozinduliwa hapa Dodoma 2022, ni cha kitaaluma. Kinaweza kuisukuma hoja ifike Ofisi ya Rais, Utumishi, ila meza ya majadiliano ya mishahara ni ya vyama vya wafanyakazi.

Msijenge hoja juu ya asilimia za Mei Mosi. Ile 35.1 iliyotangazwa Singida 2025 ilikuwa ya kima cha chini, kutoka 370,000 hadi 500,000. Haikumaanisha kila daraja linapanda kwa asilimia hiyo.

Kwa dai binafsi la daraja, andika kwa Mkurugenzi kupitia kwa Mkuu wa Kitengo cha Huduma za Sheria. Ambatisha barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, za kupandishwa daraja, hati ya mshahara na nakala ya muundo wenu. Baki na nakala yenye muhuri wa masijala na tarehe ya kupokelewa. Wahi pia, maana ikama (idadi ya nafasi za watumishi) na bajeti ya mishahara ya mwaka unaoanza 1 Julai huandaliwa miezi mingi kabla. Barua ikifika Mei, nafasi za mwaka huo zimeshapangwa.