Kinyasungwe, Mkondoa, Wami: mto mmoja au mitatu?

mchora_ramani
Wakuu, habari za kazi. Naandaa ramani ya reli ya zamani, kipande cha Gulwe hadi Kilosa. Karatasi moja imeandika Kinyasungwe, nyingine Mkondoa, na ukifika daraja la barabara ya Chalinze–Segera maji hayohayo yanaitwa Wami. Vitabu vya kale navyo vina "Mukondokwa". Niandike lipi, na jina linabadilikia wapi?

bonde_la_juu
Njia ya maji ni moja, majina ni ya vipande. Dodoma hadi Mpwapwa ni Kinyasungwe, mto wa mchanga: kiangazi mkavu, masika unashuka kwa kishindo. Ukipita Gulwe unabanwa bondeni, Ukaguru kaskazini na Rubeho kusini, na huo ndio Mkondoa. Maeneo ya Kidete unapokea Lumuma kutoka Rubeho, ndiyo maana Kilosa kuna maji hata huko juu kukiwa mchanga mtupu. Mukondokwa ni Mkondoa huohuo. Burton na Speke walipita bonde hilo 1857, tahajia yao ikaganda vitabuni.

Kwenye ramani yako: Kinyasungwe juu ya Gulwe, Mkondoa kuanzia Kidete kushuka. Katikati weka yote mawili, moja kwenye mabano. Usichore mpaka, wenyeji hawana mstari.

mzee_wa_dira
Mkuu hapo juu kasahau Mkata, na hapo ndipo wengi wanapoharibu. Wanapanga Mkondoa–Mkata–Wami kama ngazi. Mkata ni mto wake, unatoka upande wa Mikumi. Mkondoa ukishatoka milimani Kilosa unatawanyika kwenye tambarare na kinamasi cha Tendigo. Ukiiachia programu ichore mkondo kwa data ya mwinuko, pale itakupa mstari ulionyooka wa ajabu, kwa sababu ardhi ni bapa na haioni mteremko. Zima hiyo, chora kwa mkono juu ya picha ya satelaiti ya mwisho wa masika, tumia mstari wa vipande.

kipima_maji
Ukiweka takwimu, fuata nambari ya kituo cha kupimia maji, si jina: 1GD2 ni Mkondoa pale Kilosa, 1G1 Wami pale Dakawa, 1G2 Wami pale Mandera. Na usitumie mafuriko ya Dakawa kukadiria ya Kilosa, kinamasi kinayapunguza makali njiani.

Angalia pia tarehe ya picha. Mkondoa unabeba mchanga mwingi, kitanda kinainuka, mto unahama na kula tuta la reli. Mafuriko ya Desemba 2009 na Januari 2010 yaliikata reli. Kingo zilizopimwa kabla ya hapo zihakiki upya.

mchora_ramani
Shukrani wakuu. Na Ruvu? Ofisi ya maji ya bonde hili inaitwa Wami/Ruvu.

bonde_la_juu
Bodi moja, mito miwili. Ruvu unatoka Uluguru na kuingia baharini karibu na Bagamoyo mjini. Wami unaingia kaskazini zaidi, upande wa Saadani. Haikutani popote, usiiunganishe.