Re: Jina halilingani, karudishwa mlangoni (na swali la William na ngome zake)

Kutoka: Dada wa Luton

Wadau habari za jioni. Naomba msaada wa haraka. Shemeji yangu karudishwa mlangoni kwenye kituo cha mtihani wa Life in the UK (ule wa historia na maisha ya Uingereza). Alibuku kwa majina mawili, pasipoti ina matatu. £50 ndiyo hiyo imekwenda. FLR M (kibali cha kukaa kama mwenza) inaisha mwezi wa pili, B1 (cheti cha Kiingereza) anayo, kilichobaki kabla ya kupeleka SET M (maombi ya ukaazi wa kudumu) ni mtihani huu tu.

Maswali mawili. Kwanza: eVisa yake (viza ya mtandaoni) nayo ina majina mawili. Arekebishe akaunti ya UKVI (idara ya viza) kwanza ndipo abuku upya, au abuku tu? Pili: kwenye maswali ya mazoezi anakwama kila mara kwa yule Mfalme William wa Kwanza na ngome zake. Mwenye kuweza amwelezee.

Kutoka: Mzee wa Barking

Pole sana binti yangu. £50 isahau. Fedha hurudi pale tu unapofuta siku 3 au zaidi kabla ya mtihani. Kubuku nako ni siku 3 mbele, na akifeli lazima zipite siku 7 ndipo arudie, kwa ada nyingine kamili. Maswali 24, dakika 45, apate 18. Jina la kubuku lifanane na la kitambulisho herufi kwa herufi.

Kuhusu William, ashike tarehe chache tu. Alikuwa mtawala wa Normandy, kaskazini mwa Ufaransa, tangu 1035 akiwa bado mtoto. Alitua Pevensey tarehe 28 Septemba 1066, akampiga Mfalme Harold wa Uingereza tarehe 14 Oktoba katika vita vya Hastings, akavikwa taji Westminster siku ya Krismasi mwaka uleule. Kitabu cha mtihani kinasema huo ndio uvamizi wa mwisho wa wageni kufanikiwa Uingereza. Hilo huulizwa. Kasri alizojenga hazina haja kuzikariri.

Kutoka: Mwalimu, Leicester

Shikamoo Mzee. Naomba nisahihishe neno, maana hapo ndipo watu wanapopotea. Kasri ni nyumba ya kifalme. Ngome ni ya askari. Alichojenga Mnormani kilikuwa vyote viwili kwa pamoja: makazi ya bwana mmoja na familia yake, yenye ulinzi wa vita ndani yake. Waingereza kabla ya 1066 walikuwa na miji yenye kuta kwa ajili ya raia wote, lakini hii ya bwana kujifungia ndani na raia kubaki nje ilikuwa ngeni kwao, ukiacha vichache vilivyojengwa na Wanormani waliokaribishwa na Mfalme Edward, aliyetawala kabla ya Harold. Kwa Kiswahili neno lililo karibu zaidi ni husuni, kama Husuni Kubwa ya Kilwa, ingawa ile ya Kilwa ilikuwa ya anasa zaidi kuliko vita.

Halafu si kweli kwamba haziulizwi. Tower of London imo kitabuni, na kwamba ilianzwa na William imo.

Kutoka: Fundi wa Coventry

Mwalimu yuko sawa, ila watu wakisikia ngome wanaona mawe. Nyingi za mwanzo hazikuwa na jiwe hata moja. Zilikuwa udongo na magogo, na ukielewa zilivyojengwa huhitaji kukariri kitu.

Unachimba handaki la mduara. Udongo unaotoka unautupa katikati, unapanda kuwa kilima cha mita 5 hadi 10, vingine zaidi. Hutupi ovyo. Unaweka tabaka, unalishindilia, unaweka jingine la aina tofauti, mfinyanzi au kokoto au chaki kutegemea ardhi inatoa nini. Ule mtarizo wa Bayeux, kitambaa chenye picha za vita hivyo, unaonyesha kilima cha Hastings kikiwa na mistari mistari, ndiyo matabaka hayo. (Na pale pale kuna vibarua wawili wanapigana kwa makoleo. Saiti ni saiti.) Ukiruka kushindilia, mvua ya msimu mmoja inaporomosha upande mzima ndani ya handaki. Juu ya kilima mnara wa mbao na uzio wa magogo. Chini yake boma pana, nalo lina handaki na uzio wake: humo mna zizi la farasi, jiko, ghala, kisima, mhunzi. Daraja la mbao linapanda kutoka bomani kwenda kileleni. Adui akiingia bomani, waliobaki wanapanda juu na kulivunja daraja.

Faida yake ni muda. Ngome ya pili ya York, mwaka 1069, imeandikwa kwamba ilisimama kwa siku 8. Vibarua walikuwa Waingereza wenyewe, kwa lazima, na makoleo yao wenyewe.

Hasara yake: moto, na kuoza. Gogo lililozikwa huoza pale pale usawa wa ardhi, ambapo unyevu na hewa vinakutana. Chini zaidi zima, juu zima, kiunoni unga. Kwetu tungewalaumu mchwa.

Kutoka: Kaka wa Reading

Fundi, siku 8 hizo zisimdanganye mtu. Ngome zote mbili za York zilitekwa Septemba 1069, watu wa Denmark na wa kaskazini wakaingia, zikabidi zijengwe tena. Haraka haraka haina baraka.

Na ongeza hili: baada ya kilima kuumbwa huwezi kukurupuka kuweka jiwe juu. Udongo uliomwagwa unaendelea kushuka kwa miaka mingi, tena haushuki sawasawa. Mnara mzito ukiukalisha hapo unapasuka. Ndiyo maana waliofuata walizungusha ukuta mwepesi pembeni mwa kilele na kuegemeza nyumba ndani yake, katikati wakaacha wazi. Walioamua kubisha ni York hao hao: Clifford's Tower, mnara wa mawe wa karne ya 13 juu ya kilima cha William, ulipasuka karne iliyofuata.

William alipotaka jiwe kubwa aliliweka ardhini, bila kilima. White Tower ya London, kazi ilianza miaka ya 1070 chini ya Askofu Gundulf wa Rochester, ikamalizika karibu na 1100, William mwenyewe keshakufa. Mita 36 kwa 32, kwenda juu mita 27, kuta chini zina unene wa mita 4 na nusu. Jiwe la kawaida la ukuta ni la Kent, jiwe la pembe na madirisha lilisafirishwa kwa mashua kutoka Caen. Colchester ni pana zaidi, mita 46 kwa 34, kwa sababu waliikalisha juu ya msingi wa hekalu la Kirumi la Kaisari Klaudio uliokuwa tayari pale, wakatumia na matofali ya Kirumi. Bei ya msingi ikawa sifuri.

Kutoka: Fundi wa Coventry

Msingi haukuwa sifuri, kuna kubomoa na kusafisha. Lakini sawa.

Nisichopenda ni watu kushangaa kwamba ilichukua miaka 20 na ushee. Sababu mojawapo ni chokaa. Simenti hakuna. Chokaa inakauka kwa kuvuta hewa, polepole, na katikati ya ukuta wa mita 4 hewa inafika lini? Ukipandisha kozi nyingi mno msimu mmoja, uzito wa juu unakamua chokaa mbichi ya chini na ukuta unatanuka tumbo. Kwa hiyo mita tatu au nne kwa mwaka, kisha baridi inaingia, unafunika kichwa cha ukuta kwa nyasi na samadi ili barafu isipasue, mnangoja masika. Ukuta wenyewe ni ngozi mbili za mawe yaliyochongwa, katikati kifusi na chokaa. Wajenzi wa Kilwa na Lamu wanaojua chokaa ya matumbawe wangeelewana nao bila mkalimani.

Kutoka: Dada wa Luton

Asanteni sana, shemeji anasoma. Ila lile la UKVI na majina jamani?

Kutoka: Mama wa Cardiff

Dada, mwambie asichanganye William na Edward wa Kwanza, mfalme wa baadaye, hapo ndipo wengi hukosa alama. Ngome za Wales zilizomo kitabuni, Conwy na Caernarvon, ni za Edward, zilianzwa 1283, mwaka mmoja kabla ya sheria ya Rhuddlan iliyoiweka Wales chini ya taji la Uingereza. Miaka mia mbili imepita! Wanormani walichukua sehemu za Wales, kisha Wawelsh wakarudisha kidogo kidogo. Scotland hawakuiteka, waligombania mpakani. Chepstow ndiyo ya wakati wa William, mpakani kwenye mto Wye.

Na Dover, mnara ule mkubwa wa mraba ni wa Henry wa Pili, miaka ya 1180. William aliimarisha ngome pale, lakini kinachopigwa picha si chake.

Kutoka: Kijana wa Milton Keynes

Mmesahau ngazi. Ngazi za mzunguko zilipinda kulia ili anayepanda asiweze kurusha upanga kwa mkono wa kulia.

Kutoka: Mwalimu, Leicester

Kijana, hiyo ni hadithi ya waongoza watalii. Zipo ngazi za Kinormani zinazopinda kushoto, na adui akishafika ngazini huna tena la kulinda. Ulinzi wa kweli ulikuwa mlango. Haukuwa chini, ulikuwa ghorofa ya kwanza, unafikiwa kwa ngazi ya nje, tena mara nyingi yenye kibanda chake cha mawe cha kuulinda. Chini kabisa ni ghala, bila mlango wa nje, na kisima kinachimbwa ndani kwa ndani ili watu wasife kwa kiu. Kitako cha ukuta kinapanuliwa kwa mteremko ili mchimbaji apate kazi.

Maana adui hasa wa mnara wa mraba ni koleo. Kwenye ngome ya Rochester, 1215, Mfalme John alichimba chini ya pembe moja, akaegemeza kwa magogo, akaagiza nguruwe 40 wanono, mafuta yao yakawashia moto huko chini. Magogo yakaungua, pembe ikaanguka. Walipoijenga upya wakaifanya ya duara. Nenda ukaone: pembe tatu za mraba, moja ya mviringo.

Kutoka: Mwanasheria, Slough

Mnazungumza mawe wakati suala ni ardhi. Mwaka 1068 William alizunguka Exeter, Warwick, Nottingham, York, Lincoln, Huntingdon, Cambridge, kila mahali anaacha ngome. Angalieni alipoziweka: ndani ya mji, njia panda, kwenye kivuko. Lincoln nyumba 166 zilibomolewa kupisha ngome. Fidia haikutajwa. Waliokataa huko kaskazini walichomewa mazao, mifugo na majembe majira ya baridi ya 1069 na 1070, watu wakafa kwa njaa.

Halafu karatasi. Krismasi ya 1085 akiwa Gloucester aliamuru Domesday, daftari la ardhi yote, 1086 wakapita vijiji zaidi ya 13,000. Maswali yaleyale kila mahali: shamba linaitwaje, lilikuwa la nani siku za Mfalme Edward yule wa kabla ya Harold, sasa ni la nani, majembe ya kukokotwa mangapi, vinu vingapi, thamani yake ilikuwa ngapi na sasa ni ngapi. Msingi wake ni kwamba ardhi yote ni ya mfalme, wengine wote wameshikishwa. Msingi huo ulipanda meli. Crown Lands Ordinance (sheria ya ardhi ya taji) ya Kenya 1902, ya 1915, na Land Ordinance ya Tanganyika 1923. Hata leo Tanzania, sheria ya 1999, ardhi yote iko mikononi mwa Rais kama mdhamini, na hati yako ya miaka 99 ni ya kukaa tu. Wenye viwanja Kibaha mnajua ninachosema.

Kutoka: Kaka wa Reading

Mdhamini si mmiliki, mwanasheria. Usimweke Nyerere kapu moja na William.

Kutoka: Mwanasheria, Slough

Sikumtaja Nyerere. Soma tena.

Kutoka: Mzee wa Barking

Vijana, taratibu. Na mkizungumza viwanja msisahau mazishi yake. Alikufa Rouen tarehe 9 Septemba 1087, akapelekwa Caen kuzikwa kwenye abasia (nyumba ya watawa) aliyoijenga mwenyewe. Ibada inaendelea, akasimama mtu mmoja, Ascelin, akasema hapa mnapozika ni kiwanja cha baba yangu, kilichukuliwa kwa nguvu, nakataza. Wakauliza majirani, wakathibitisha. Ikabidi alipwe shilingi 60 papo hapo kwa ajili ya kaburi, nyingine baadaye. Mwenye ngome nchi nzima!

Kutoka: Mama wa Cardiff

Subhanallah. Na jeneza lilikuwa dogo, walipomshindilia tumbo likapasuka, kanisa zima likajaa harufu.

Mwambie shemeji pia: ule wa Bayeux ni mtarizo, sufu juu ya kitani, karibu mita 70. Umetangazwa kuazimwa London 2026, lakini mtihani unafuata kitabu, na kitabu kinasema uko Ufaransa. Ajibu Ufaransa.

Kutoka: Dada wa Luton

Nashukuru, maswali ya mazoezi leo kapata 22. Sasa jina.

Kutoka: Mzee wa Barking

Majina matatu kama pasipoti. Nilisema.

Kutoka: Dada wa Luton

Hilo la kubuku nimelielewa Mzee wangu. Nauliza UKVI, eVisa yenye mawili, irekebishwe kabla au baada?

Kutoka: Kijana wa Milton Keynes

Mwalimu, wale nguruwe 40 walichomwa wazima au mafuta tu?