Birmingham: kijana anaingia sekondari, grama, ya Kikatoliki au ya mtaani?

Mama Brum: Wakuu habari za jumapili. Kijana wangu anaanza sekondari mwakani hapa Birmingham na fomu ya halmashauri mwisho tarehe 31 Oktoba. Baba yake kang'ang'ania grama (ile ya kuchujwa kwa mtihani), King Edward VI Camp Hill, mimi moyo uko Bishop Challoner ya Kikatoliki, kijana mwenyewe anataka ya mtaani wanakokwenda wenzake. Zote za serikali, hakuna ada. Ipi bora?

Kinyozi77: Dada mbona hujasema mnakaa wapi? Na mtihani wa grama kafanya? Ule ni Septemba na kujiandikisha ni kabla ya likizo ya kiangazi, kama hakufanya futeni Camp Hill mtagombana bure.

Mama Brum: Tupo Kings Heath. Kafanya, alama zimetoka, baba yake anasema zinatosha.

Mzee wa Erdington: Zinatosha kwa kipimo kipi? Tuwekee hapa. Halafu kabatizwa? Challoner waombaji wakizidi, Wakatoliki waliobatizwa wanatangulia, cheti kiwe mkononi.

Shangazi Harborne: Mama Brum nakuomba ujaze nafasi zote 6 za shule kwenye fomu usiache hata moja wazi. Mdogo wangu alijaza shule moja tu, jina silitaji, eti akiweka moja watalazimika kumpa, ikafika tarehe 1 Machi barua pepe inasema shule imejaa na mtoto kapangiwa nyingine ng'ambo kabisa ya mji ambayo hakuna aliyeiomba, akakata rufaa akashindwa, sasa mtoto anatoka nyumbani giza anabadilisha mabasi mawili na januari ile anafika viatu vimelowa chapachapa anakaa navyo hadi saa ya kurudi, mama yake analia na mimi nalia. Jazeni zote jamani.

Kinyozi77: Pole sana shangazi. Ila grama asiiweke ya kwanza, Challoner wakiona wamewekwa wa pili watamtupa.

Mzee wa Erdington: Hapana kijana, unapotosha watu. Shule haioni umeiweka namba ngapi. Kila moja inapanga waombaji kwa vigezo vyake, halmashauri inampa mtoto ile ya juu kwenye orodha yake inayoweza kumchukua. Aweke anavyopenda kweli, mwisho iwe ya karibu, maana nyingi zinapima umbali kwa mstari ulionyooka.

Binti Mrima: Mimi grama hapana. Watoto wanapelekwa tuisheni tangu wadogo, utoto unaishia mezani. Na Camp Hill hiyo ni wavulana watupu, atajifunza wapi kukaa na wasichana?

Kinyozi77: Wavulana watupu ndo nidhamu. Tabora Boys kasoma Nyerere.

Binti Mrima: Nyerere alikuwa bweni, huyu jioni anarudi kwa mama yake, unafananishaje?

Mzee wa Erdington: Na Ilboru je? Msiisahau Ilboru.

Kinyozi77: Ilboru kwa Tabora bado sana mzee wangu.

Mama Brum: Jamani kabatizwa ila cheti kiko Moshi kwa bibi. Picha ya WhatsApp wanakubali au lazima karatasi yenyewe?

Shangazi Harborne: Piga simu ofisi ya shule kesho asubuhi. Na hizo alama mbona hujaziweka?